Kuzuia viumbe adui wasizuke kwenye Minecraft: mwongozo kamili wa mwanga na sakafu

Umejenga nyumba, umefunga mlango, umelala salama. Asubuhi unatoka kwenda kuchimba, unarudi jioni unamkuta kripa, kiumbe adui anayelipuka, amesimama sebuleni, hatua mbili kutoka kwenye makasha yako. Mlango haujaguswa wala ukuta hauna tundu. Huyo alizukia humo humo ndani, juu ya bloku moja uliyoiacha gizani.

Kazi yote ya kuzuia iko hapo. Ukuta na uzio humzuia kiumbe anayetembea. Anayezuka anazuiwa kwa kunyimwa sakafu: kila bloku ambayo angeweza kusimama juu yake uiangaze, au uifanye isimfae. Maelezo haya ni ya toleo la Java, kuanzia 1.18 na kuendelea. Wanaocheza Bedrock kwenye simu, tofauti zao zimetajwa pale zinapohusika.

Mchezo unavyotafuta mahali

Minecraft huenda kwa mapigo 20 kwa sekunde, na kila pigo hujaribu kuweka viumbe adui kwenye chanki zinazokuzunguka. Chanki ni mraba wa bloku 16 kwa 16, toka chini kabisa hadi juu angani. Mchezo huokota sehemu kwa bahati nasibu, kisha huipima. Je, chini pana bloku ngumu yenye uso kamili? Nafasi inamtosha kiumbe, na haina maji? Pana giza? Mchezaji yuko umbali gani? Sharti moja likikosekana jaribio hilo limekufa, na mchezo unahamia sehemu nyingine.

Kwenye umbali kuna namba tatu za kukariri. Ndani ya bloku 24 kutoka ulipo, hakuna adui anayezuka. Kiumbe aliyeko zaidi ya bloku 32 anaweza kutoweka mwenyewe baada ya muda. Aliyeko zaidi ya 128 hutoweka papo hapo.

Hiyo 24 ndiyo inayowapoteza wengi. Ukiwa ndani, nyumba ndogo ni salama hata ikiwa na giza totoro, kwa hiyo unaamini kazi imekwisha. Ukienda mgodini umbali wa bloku 40, sebule yako imeshaingia kwenye eneo la kuzukia, na mchezo unaitazama kama pango lingine lolote. Ndiyo maana kripa hukutwa wakati wa kurudi, si wakati umekaa.

Kuna na kikomo. Ukicheza peke yako, mchezo hulenga maadui wapatao 70 kwa wakati mmoja, na hauchoki kujaribu mpaka wafike. Ukiangaza nusu ya eneo hupunguzi idadi kwa nusu. Wale wale wanabanana kwenye giza lililobaki. Mtu anaweka mienge kuzunguka nyumba yote, halafu kona moja nyuma ya zizi inafurika zombi kuliko mwanzo. Kona hiyo imekuwa mojawapo ya sakafu chache zilizobaki, na majaribio yote yaliyoshindwa kwingine yanaishia kufaulu pale. Kuzuia kwa nusu kunaweza kukupa usiku mbaya kuliko kutozuia kabisa, kwa hiyo panga eneo unaloweza kulimaliza, ulimalize.

Giza maana yake sifuri

Kabla ya toleo la 1.18, lililotoka tarehe 30 Novemba 2021, adui alizuka palipokuwa na mwanga wa 7 kushuka chini. Tangu hapo, katika dunia ya kawaida, anahitaji mwanga wa bloku uwe 0. Mwanga wa 1 tu unamfungia mlango. Miongozo mingi ya zamani bado inasambaa ikikuambia upange mienge karibu karibu. Ukiifuata utakuwa salama, ila utatumia makaa mara nyingi zaidi ya yanayohitajika.

Angalia neno "mwanga wa bloku". Mchezo una mianga miwili inayohesabiwa mbalimbali: wa anga, yaani jua na mwezi, na wa bloku, yaani mienge, taa, lava na vingine vinavyowaka. Mwanga wa anga unakulinda mchana kwenye uwanda ulio wazi, lakini usiku unashuka, na mvua ya radi inaushusha hata mchana. Ghala lenye madirisha makubwa linalong'aa saa sita mchana lina mwanga wa bloku 0 kama halina taa, na jua likizama ni pango. Usipange kwa kutegemea jua.

Nguvu za vyanzo vya mwanga ni hizi:

- 15: kandili, boga lenye mwenge ndani, gloustoni, taa ya baharini, moto wa kambi, lava
- 14: mwenge wa kawaida, fimbo ya End
- 13: tanuri, lakini pale tu linapoyeyusha kitu
- 10: mwenge wa roho na kandili ya roho, zile za moto wa buluu
- 7: mwenge wa redstone
- Mishumaa: 3 kwa mmoja, 12 kwa minne iliyo kwenye bloku moja

Tanuri ni mtego. Chumba cha kuyeyushia madini kinaonekana kina mwanga mzuri wakati unakitumia. Makaa yakiisha, kinazimika chote. Weka mwenge humo kana kwamba tanuri halipo.

Kupima kabla ya kuweka

Kwenye Java bonyeza F3. Laptop nyingi zinataka Fn pamoja na F3. Kati ya maandishi yanayotokea kuna mstari wa mwanga unaosomeka kama "Client Light: 4 (4 sky, 0 block)". Namba ya kwanza isikushughulishe. Unayoitaka ni ile iliyo kando ya neno block, na inasoma mahali miguu yako ilipo. Tembea kwenye eneo lako ukiitazama. Kila inaposoma 0, hapo umesimama mahali pa kuzukia. Ukimaliza kuweka taa rudia mzunguko ule ule, ukipita pembeni mwa kuta, nyuma ya makasha, chini ya ngazi na katikati ya kila mienge minne.

Kwenye simu hakuna F3. Huko utahesabu bloku kwa uaminifu, na hesabu ni nyepesi.

Hesabu ya mienge

Mwanga hupungua kwa 1 kila unaposonga bloku moja, na haukati mshazari. Unahesabiwa kama mtu anayetembea kwenye mitaa iliyonyooka: mbele kadhaa, kisha pembeni kadhaa, jumlisha. Mwenge una 14 pale ulipo, 13 bloku inayofuata, mpaka 1 kwenye bloku ya 13. Bloku ya 14 ni giza.

Kwenye ardhi tambarare panga mienge kwa mraba, ukiacha bloku 12 tupu kati ya mwenge na mwenge, yaani kila bloku ya 13 ina mwenge. Chukua mienge minne ya pembe na uangalie katikati yake. Bloku iliyo mbali kuliko zote iko hatua 6 mbele na 6 pembeni kutoka kwenye mwenge wa karibu. Jumla 12, mwanga unabaki 2. Sasa ongeza pengo kwa bloku moja tu, ziwe 13 tupu. Bloku ya katikati inakuwa hatua 7 na 7 kutoka kwenye mienge yote minne. Hiyo ni 14, na mwanga wake ni 0. Bloku moja tu kati ya mienge minne, ukiangalia kwa macho huioni kabisa, na ndiyo atakayosimama kripa. Kwa hiyo 12 usiizidishe kwa kukadiria.

Mpango unaofaa makazi ya kwanza ni huu:

1. Tengeneza mienge 64, rundo moja kamili. Makaa 1 na kijiti 1 hutoa mienge 4, kwa hiyo unahitaji makaa 16 na vijiti 16. Vijiti 16 vinatoka kwenye mbao 8, na mbao 8 zinatoka kwenye magogo 2. Makaa ya mawe yakikosekana, choma magogo kwenye tanuri upate mkaa. Unafanya kazi ile ile.
2. Simama katikati ya makazi yako, tembea bloku 46 kuelekea kaskazini na 46 kuelekea magharibi. Hapo weka mwenge wa kwanza.
3. Elekea mashariki, ruka bloku 12, weka mwenge, mpaka mstari uwe na mienge 8.
4. Rudi mwanzo wa mstari, shuka kusini, ruka bloku 12, anza mstari wa pili. Fanya hivyo mpaka mistari 8.
5. Mwenge ukiangukia juu ya nyumba au mti, usiuweke huko. Weka miwili pande zote mbili za kizuizi, karibu zaidi.

Mienge hiyo 64 inafunika mraba wa bloku 92 kwa 92, takriban bloku 8,460 za ardhi. Rundo moja, magogo mawili. Wanaocheza Bedrock wana faida hapa: umbali wa uigaji (simulation distance kwenye mipangilio) ukiwekwa chanki 4, viumbe huzuka kati ya bloku 24 na 44 kutoka kwa mchezaji, kwa hiyo mraba huu unakaribia kulimaliza eneo lote la juu ya ardhi unapokuwa katikati yake.

Kandili ikiwekwa chini inakuruhusu kuacha bloku 14 tupu. Inagharimu punje 8 za chuma na mwenge 1, hivyo kuitandaza nyikani ni hasara. Itumie ndani na kwenye njia, ambapo uzuri una maana.

Ardhi isipokuwa tambarare

Kupanda na kushuka kunahesabiwa kama hatua nyingine. Mwenge ulio bondeni na bloku iliyo juu ya tuta la bloku 3 vimeongezewa umbali wa 3, na gridi ya 12 ina akiba ya bloku moja tu. Kwenye vilima vya kawaida acha bloku 9 tupu. Katikati panabaki mwanga wa 4, na hiyo inakupa nafasi ya tofauti ya kimo ya bloku 3. Kwenye miteremko mikali acha 7. Na siku zote panda juu ya tuta, weka mwenge kileleni, kwa kuwa mwanga unashuka vizuri kwenye ngazi za kilima lakini haupenyi bloku ngumu. Upande wa nyuma wa tuta unaweza kubaki gizani, hata kama mwenge unaonekana uko karibu ukipima kwa macho.

Ardhi ya theluji na barafu ina tatizo lake: mwenge huyeyusha theluji na barafu zilizo karibu nao. Ukitaka mandhari ibaki, tumia mwenge wa roho, wenye 10, na uache bloku 8 tupu.

Enderimani, wale viumbe warefu weusi, nao huharibu kazi. Wanaokota udongo, nyasi, mchanga na changarawe, na bloku iliyobeba mwenge ikiondoka, mwenge unaanguka. Kwenye uwanda wanakopita sana, simika nguzo ya uzio na uweke mwenge juu ya nguzo. Umepandisha mwanga kwa bloku moja, na gridi ya 12 bado inatosha: katikati panabaki 1. Hapo ndipo mwisho. Usiipandishe zaidi bila kupunguza pengo.

Sakafu zisizofaa kusimama

Pale usipotaka mienge, badilisha uso wa bloku. Adui hazuki juu ya slabu (bloku ya nusu kimo) iliyolazwa nusu ya chini, juu ya kioo, juu ya majani ya miti, wala juu ya bloku ya ngazi iliyowekwa kwa mkao wake wa kawaida. Hazuki pia kwenye bloku yenyewe inayotoa mwanga wa 14 au 15, kama gloustoni.

Slabu ndiyo mfalme wa paa, baraza na barabara. Bloku 3 hutoa slabu 6, na mashine ya kukatia mawe hutoa 2 kwa kila jiwe 1. Eneo la mwenge mmoja wa gridi, bloku 169, linahitaji slabu 169, yaani mawe 85. Ni kazi zaidi, lakini halizimiki, halianguki, na halihitaji hesabu yoyote. Kuna sharti moja: slabu ilale chini. Ukiielekeza kwenye nusu ya juu ya ukuta jirani wakati wa kuiweka, inakaa juu, na uso wake unakuwa kamili. Juu yake wanazuka kama juu ya jiwe. Slabu mbili zilizopandana ni hivyo hivyo, na ngazi iliyogeuzwa kichwa chini pia. Paa zinazofurika buibui mara nyingi zimejengwa kwa slabu za juu, na mwenye nyumba anaapa kuwa ametumia slabu.

Kwenye Java, kitufe, bamba la kukanyaga, reli na unga wa redstone vikiwa juu ya bloku humzuia adui kuzuka hapo. Vitufe ni msaada mkubwa kwenye sakafu za mapango, kwa kuwa ubao 1 hutoa kitufe 1 na huna haja ya kung'oa sakafu. Kwenye Bedrock tegemea slabu na mwanga.

Ndani ya nyumba, njia nadhifu kuliko zote ni kuzika taa sakafuni. Ng'oa bloku moja, weka boga lenye mwenge au gloustoni mahali pake, tandika zulia juu. Zulia halizuii mwanga. Juu ya sakafu utapata 14, sawa na mwenge, kwa hiyo umbali ni ule ule wa bloku 12 tupu, na hakuna anayejua taa iko wapi. Boga lenyewe unalichonga kwa mkasi, kisha unaliunga na mwenge.

Mahali panaposahaulika

Paa. Taa za ndani hazipenyi dari. Paa bapa la mawe juu ya nyumba yenye mwanga mwingi ni uwanja wa kuzukia, na anayezuka hapo anashuka mlangoni pako usiku. Slabu juu nzima, au mwenge kwa hesabu ile ile.

Msitu mnene wa mialoni myeusi. Matawi yanashikana kiasi kwamba chini hubaki giza hata mchana. Majani hayafai kuzukia, ila ardhi iliyo chini yake inafaa, na vigogo vinakata mwanga. Acha bloku 7 au 8, au fyeka. Kwa makazi ya kudumu kufyeka ni bora. Uyoga mkubwa unaoota kwenye msitu huo una kofia ngumu, na juu ya kofia wanazuka.

Maji. Mwenge haukai majini. Mto unaopita kando ya shamba hutoa zombi wa majini. Zamisha taa ya baharini, gloustoni au boga lenye mwenge chini ya mto. Mwanga unapungua 1 kwa kila bloku majini pia, kwa hiyo kina cha mto kihesabu kama hatua.

Nyufa za ujenzi: nafasi kati ya sakafu mbili, dari ya uongo, shimo la kupitishia redstone. Yenye kimo cha bloku 2 inamtosha zombi. Jaza kwa mawe au weka slabu.

Mapango yaliyo chini yako

Adui wa pangoni hachimbi kupanda juu. Kama umeziba midomo yote ya pango, huyo ni kelele tu, na unaweza kumwacha. Unalazimika kuangaza chini kwa sababu mbili: unapita huko kuchimba, au unajenga mtego wa kuvuna viumbe na mapango yanakula kikomo cha 70 kabla mtego wako haujapata mtu. Kwa sababu hiyo ya pili hakuna njia ya mkato. Mtego unaotoa viumbe wachache mara nyingi umejengwa sawasawa, ila mapango yaliyo ndani ya bloku 128 yamejaa.

Ukiingia, weka mienge ukutani upande wa kulia tu, kila hatua 8 hadi 10 kwa kuwa sakafu haijanyooka. Wakati wa kutoka mienge inakuwa kushoto, na hupotei. Usiruke kishimo chochote: tawi refu lililokunja kona linaweza kukosa mwanga wa njia kuu. Palipo pana sana, tangu mapango yalipopanuliwa na 1.18, ni afadhali kuziba kwa ukuta kuliko kuangaza. Mapango mengine yanameza marundo 5 ya mienge na bado juu ya vishubaka vya kuta kuna giza.

Kizimba kinachozalisha viumbe, kile chenye umbo dogo linalozunguka ndani, huamka ukiwa ndani ya bloku 16. Kwa zombi, skeletoni na buibui weka mwenge juu yake na pande zake zote nne, kisha mienge mingine chumbani, au kivunje kwa sururu upate alama za uzoefu. Kukivunja ni kwa milele, na huwezi kukibeba. Fikiria kwanza kama hutakitaka baadaye kwa mtego. Kwa vizimba vya blezi kule Nether, dunia ya moto, usitegemee mienge.

Wasiojali mwenge wako

Slaimu huzuka kwa sheria mbili. Chini ya kimo cha Y 40, kwenye chanki moja kati ya kila 10 hivi, huzuka hata pakiwa na mwanga wa 15. Ukimkuta slaimu kwenye mgodi wenye taa, hukukosea hesabu. Umechimba ndani ya chanki yake. Slabu au vitufe sakafu nzima. Kwenye vinamasi huzuka usiku juu ya ardhi kwa mwanga wa 7 kushuka, kwa hiyo huko acha bloku 6 tupu kati ya mienge.

Fantomu hutoka angani ukikaa siku 3 za mchezo bila kulala, yaani kama saa nzima. Dawa ni kitanda. Kulala mara moja kunaanzisha hesabu upya.

Wadeni hazuki kwa giza. Anaitwa na bloku za sculk zinazopiga mayowe katika Deep Dark, eneo la mapango ya chini kabisa, ukizichokoza mara kadhaa. Zivunje kwa jembe, ukitembea kwa kunyata, au ondoka. Katika bustani iliyopauka iliyokuja na 1.21.4, kiumbe wa mti anaungwa na moyo uliofichwa katikati ya magogo. Tafuta moyo, uvunje kwa shoka.

Nether ina sheria zake. Gasti na mchemraba wa magma hawaulizi mwanga, na piglini wafu wanazuka mpaka mwanga wa 11. Ili upate 12 kila mahali ungelazimika kuweka mwenge kila baada ya bloku 2, kitu ambacho hakuna anayekifanya. Jenga njia zako zote huko kwa slabu za chini au kioo, uzifunike juu na pembeni kwa mawe dhidi ya makombora ya gasti. Kwenye End, slabu na mienge vyote vinafanya kazi.

Ukitaka amani bila kazi, tafuta kisiwa cha uyoga: adui wa kawaida hawazuki kwenye ardhi yake wala mapangoni mwake, isipokuwa kwa vizimba.

Umeangaza kila kitu na bado wapo

Kwanza, mwanga hauondoi aliyekwisha kuzuka. Kripa na buibui hawaungui na jua, na wakiwa ndani ya bloku 32 kutoka kwako hawatoweki. Waue, au badilisha ugumu uwe Peaceful kwa muda mfupi kisha urudishe, wote watafutika. Kwenye Hardcore njia hiyo haipo.

Pili, zombi aliyeokota kitu chako, au kiumbe uliyempa jina kwa lebo, hatoweki kwa umbali. Ukimwona zombi mmoja aliyeshika upanga wako wa zamani kila asubuhi mahali pale pale, si tatizo la taa.

Tatu, wanatembea. Zombi anakuona kutoka mbali, karibu bloku 35, na anakuja akitoka nje ya gridi. Hapa ndipo uzio una kazi. Buibui anapanda ukuta wowote, mpaka umwekee ukingo wa bloku moja unaotokeza nje juu kabisa; hapo hawezi kupinda. Kripa na fantomu wanamkimbia paka, kwa hiyo paka mmoja au wawili uani ni ulinzi wa kweli.

Nne, mwenge umeanguka. Mlipuko mmoja wa kripa usiku unaweza kuvunja mienge kadhaa, mchanga uliobomoka unaondoka na wake, na maji uliyoyamwaga shambani yanasomba yote yanayoyapitia. Kila baada ya mlipuko, kabla hujafukia shimo, washa F3 na upime bloku 13 kuzunguka shimo hilo. Fukia kwanza chini, kwa kuwa mashimo ya kripa hufungua mapango usiyoyajua, na pango lililofunguka katikati ya ua wako halimo kwenye gridi yoyote uliyopiga.

Tano, panda juu ya paa wakati wa usiku, na utazame chini pande zote nne. Madoa meusi kabisa kati ya duara za mwanga yanaonekana vizuri kutoka juu kuliko kutoka chini. Hesabu bloku kutoka mwenge wa karibu hadi doa, ushuke na mienge mkononi kukiwa kumeshakucha.